Kuongoza Filamu na Vipindi vya Televisheni Uganda: Anza na Uhariri, Kamera Baadaye

Maswali ni yaleyale, yatoke Kampala, Busia au Arua. "Kaka, ninunue kamera gani?" "Bila cheti cha Makerere nitapokelewa?" "Nani atanipa tamthilia niongoze wakati hakuna anayenijua?" Nimeyajibu kwenye simu, ndani ya teksi, hata msibani. Sasa nayaandika, ili siku tukikutana tuzungumzie hadithi yako.

Kwanza lielewe soko letu. Uganda, mwongozaji anayejua kuongoza tu atakaa nyumbani. Bajeti ni ndogo, kikosi ni cha watu wachache, na anayekupa kazi anataka uirudishe ikiwa imekamilika. Watazame waliofika. Isaac Nabwana wa Wakaliga, aliyetoa Who Killed Captain Alex? mwaka 2010, aliandika, akaongoza, akashika kamera na kuhariri kwa kompyuta alizoziunganisha mwenyewe. Loukman Ali, ambaye The Girl in the Yellow Jumper yake ndiyo filamu ya kwanza ya Uganda kuingia Netflix, anaandika, anapiga picha, anahariri na kutengeneza efekti. Mariam Ndagire alitoka kwenye muziki na jukwaa, akaigiza, kisha akaongoza filamu na tamthilia. Wote hao walishika kazi zaidi ya moja kwa mikono yao.

Ila kazi hizo zina mpangilio wa kujifunza. Vijana wengi huanza na kamera kwa sababu kamera inaonekana. Mimi nasema anza na uhariri, fuata sauti, halafu kamera, halafu waigizaji. Wapiga picha watanikasirikia, lakini someni kwanza.

MAHITAJI KABLA YA KUANZA

- Simu inayokuruhusu kupanga fremu na mwanga mwenyewe. Programu ya Blackmagic Camera haina malipo na inafanya kazi kwenye iPhone na simu kadhaa za Android. Kama yako haimo, jaribu Open Camera.
- Kompyuta yenye RAM ya GB 16. Ya GB 8 itasukuma kazi ndogo kwa shida. Programu ya kuhariri iwe DaVinci Resolve, toleo la bure. Linatosha kabisa, usinunue programu ya wizi mjini yenye virusi.
- Maiki ya klipu na hedifoni zinazoziba masikio. Ukiwa na pesa ya kitu kimoja tu, nunua hiki.
- Diski mbili za nje. Moja si diski, ni bahati nasibu.
- Stendi ya kamera, hata ya bei nafuu, mradi isitikisike.
- Kitambulisho cha taifa na namba ya mlipakodi (TIN) kutoka URA, mamlaka ya mapato. Kampuni kubwa na stesheni haziwezi kukulipa bila TIN, na siku ya malipo si siku ya kuanza kuitafuta.

Huhitaji droni. Huhitaji kampuni yenye nembo ya simba anayenguruma. Kamera kubwa ikihitajika, pale Kampala hukodishwa kwa siku, na fundi wake mara nyingi huja nayo.

Kuhusu shule: Makerere ina idara ya sanaa za maonyesho na filamu, na Maisha Film Lab, iliyoanzishwa na Mira Nair mwaka 2004, imefunza vijana wengi wa Afrika Mashariki kuandika na kuongoza. Ukipata nafasi, ichukue. Usipoipata, endelea na hatua zifuatazo, kwa sababu hakuna mtayarishaji atakayekuomba cheti. Atakuomba kiungo cha kazi yako.

HATUA YA 1: HARIRI KAZI ZA WENGINE

Tafuta studio ya video za harusi mtaani kwako. Waombe kazi ya kupanga picha walizopiga: kunakili kadi, kuzipa faili majina, kukata mwanzo na mwisho. Kazi hiyo hakuna anayeipenda, kwa hiyo utapokelewa.

Ukishazoeleka, omba kuhariri kwanjula, sherehe ya Kiganda ya bibi harusi kumtambulisha mchumba kwa familia yake. Hakuna shule ya uhariri kuipita. Una saa sita za picha kutoka kamera mbili au tatu, wasemaji wa pande zote wanatupiana maneno, wageni wanaingia kwa makundi, zawadi zinapita. Kata mpaka zibaki dakika 10 ambazo mtu asiyeijua familia ile atazitazama mpaka mwisho. Ukimaliza, zikate tena zibaki 3.

Hapo utajifunza kwa nguvu kile ambacho hakuna atakayekueleza. Msemaji anaweza kutoa utani mzuri, lakini video inacheka pale tu unapomwonyesha ssenga, shangazi wa bibi harusi, akijitahidi kuzuia kicheko. Utatafuta uso wa ssenga na kukuta mpiga picha alikuwa amemkazia msemaji muda wote. Utakasirika. Hasira hiyo ndiyo elimu: siku utakapoongoza wewe, hutaondoka eneo la kazi kabla ya kupiga uso wa anayesikiliza.

Kaa kwenye hatua hii miezi kadhaa. Inalipa pesa kidogo, na inakupa majina ya watu wa kamera na sauti utakaowahitaji baadaye.

Kosa la kawaida hapa ni mapambo. Picha zinazozunguka, nyota, mwendo wa polepole kila bibi harusi anapopiga hatua. Ukata wa kawaida, sehemu inayostahili, unatosha.

HATUA YA 2: KAMATA SAUTI

Kwenye vibanda vyetu vya video, VJ huifasiri filamu na kuichangamsha juu ya sauti yake yenyewe. Watu wamelipia kusikia kama walivyolipia kuona. Mtazamaji wa namna hiyo atakuvumilia picha ikiwa na giza kidogo, lakini akikosa maneno ya mwigizaji ataondoka.

Fanya hivi:

1. Tembelea eneo siku moja kabla, saa ileile utakayopiga. Sikiliza macho yakiwa yamefumbwa. Spika za kanisa, adhana, steji ya boda, jenereta ya jirani, kinu cha kusaga: vyote vina ratiba. Ijue.
2. Bana maiki kifuani, kama shibiri moja kutoka mdomoni, mahali ambapo nguo haiisugui. Kitenge kilichotiwa wanga kinapiga kelele kuliko mtu.
3. Rekodi kwa 48 kHz, sauti kubwa zikifika kama -12 dB. Ikigonga 0 imeharibika na hairudi.
4. Zima friji. Weka funguo zako za boda ndani yake ili usiondoke bila kuiwasha tena. Maziwa ya watu yakiganda, mtaa huo hutarudi kupiga filamu.
5. Kila sini ikiisha, wote wanyamaze kwa sekunde 30 urekodi ukimya wa chumba. Ukimya wa Kisenyi si ukimya wa Fort Portal, na wakati wa kuhariri utauhitaji kuziba mapengo.

Mtu mmoja avae hedifoni muda wote. Mita za kwenye skrini zinaonyesha kwamba sauti ipo, hazionyeshi kama ni ya mwigizaji au ya kuku.

HATUA YA 3: SASA SHIKA KAMERA

Panga fremu 25 kwa sekunde na shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, iwe 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa 50 Hz, hivyo ukipiga kwa 30 chini ya taa za tyubu au balbu za bei rahisi picha inaweza kupepesuka. Televisheni zetu pia hutumia 25. Funga mwanga na rangi, usiiache simu ijiamulie katikati ya sini.

Jua ndilo tatizo letu kubwa. Tuko juu ya ikweta: saa sita mchana liko utosini, linachimba mashimo meusi chini ya nyusi za kila mtu. Kati ya saa 5 na saa 9 piga sini za ndani, za kibarazani au chini ya mwembe. Zile za nje zenye nyuso ziweke asubuhi na jioni. Usisahau pia kwamba jioni yetu ni fupi. Mwaka mzima jua hutua karibu na saa 1 usiku, na likianza kushuka halisubiri. Mwanga ule mzuri wa dhahabu unakupa sini moja fupi, wala usipange tatu.

Ngozi yetu inataka mwanga unaotoka ubavuni, laini, uache mng'ao shavuni. Usimsimamishe mtu mwenye ngozi nyeusi mbele ya ukuta mweupe au dirisha linalowaka. Kamera itafuata ukuta, na uso utageuka kivuli. Mgeuze alielekee dirisha, au utundike shuka jeupe upande wa giza limrudishie mwanga.

Watu wawili wakizungumza, chora mstari hewani kutoka kwa mmoja hadi kwa mwingine na ubaki upande mmoja wa mstari huo. Ukiuvuka bila sababu, kwenye uhariri wataonekana wote wanatazama upande mmoja kama abiria wa basi.

HATUA YA 4: ANDIKA KITU KINACHOPIGIKA KWA SIKU MOJA

Kurasa 5. Waigizaji 2 au 3. Eneo moja ambalo ufunguo wake unao wewe. Andika kuanzia vitu ulivyonavyo: duka la shangazi, karakana ya rafiki Katwe, chumba cha kupanga Bwaise, kivuko cha mpakani Busia. Usianze na helikopta halafu ukaanza kutafuta mfadhili.

Kisha lugha. Wengi wenu mnaonisoma mna Kiswahili na mnakionea aibu kwa sababu filamu nyingi za Kampala ni za Kiluganda au Kiingereza. Kiswahili kimo kwenye katiba yetu kama lugha rasmi ya pili tangu marekebisho ya 2005, na baraza la mawaziri lilikirudia tena mwaka 2022, lakini mimi sikushauri kwa sababu ya katiba. Nakushauri kwa sababu filamu ya Kiswahili inavuka mpaka kwenda Kenya, Tanzania na mashariki ya Kongo bila kubadilisha neno. Mwache mtu wa Koboko aseme Kiswahili cha Koboko na askari aseme cha kambini. Ukiwalazimisha waongee kama watangazaji wa Dar es Salaam, watu wa pande zote mbili watacheka mahali usipotaka.

HATUA YA 5: WAIGIZAJI

Hapa ndipo kuongoza kwenyewe kunapoanza, na ndipo mafundi wazuri wa kamera wanaposhindwa. Anajua lenzi zote, hajui kuzungumza na mtu.

Waigizaji wetu wengi wazuri walilelewa na jukwaa. Ukumbi wa Taifa pale Kampala umekuwapo tangu 1959, na vikundi vya tamthilia vilijaza kumbi miaka mingi kabla ya filamu zetu kuanza kuuzwa kwenye diski. Mtu aliyekulia huko amefunzwa sauti ifike kiti cha mwisho, na wewe umemwekea kamera hatua mbili kutoka puani. Ukimwambia "punguza," ataogopa na kufa kabisa. Mpe sababu ya kupunguza ndani ya hadithi:

"Mama, mtoto amelala nyuma ya pazia lile. Mgombeze mumeo bila kumwamsha."

Sauti itashuka yenyewe, na hasira itapanda. Ndiyo siri yote: mpe kitendo cha kumfanyia mwenzake, usimpe jina la hisia. "Huzunika" haichezeki. "Mwombe akupe siku mbili zaidi, lakini asijue huna pesa" inachezeka. Mikono pia uipe kazi. Mtu anayemenya matoke au kuhesabu sarafu huku akizungumza hapati nafasi ya kuigiza kupita kiasi.

Mambo mengine ambayo nayaona yakivunja kazi:

- Kumwonyesha mwigizaji namna ya kusema mstari. Atakuiga, na wewe si mwigizaji.
- Kumsahihisha mzee mbele ya vijana wa kamera. Mwite pembeni: "Mzee, naomba tujaribu kitu kimoja." Mbele za watu, msifu tu.
- Kumpa mtu asiye mwigizaji skripti akariri. Mwendesha boda akicheza kama mwendesha boda, mweleze kisa tu na umwache atafute maneno yake. Yatakuwa mazuri kuliko yako.
- Kusema "sawa, inayofuata" kwa sauti ya kuchoka. Kila mtu anasoma uso wako kuliko skripti.

Fanyeni mazoezi mara mbili au tatu kabla ya siku ya kupiga, kwenye eneo halisi ikiwezekana. Ukipata teki nzuri, piga moja zaidi na umwambie mwigizaji afanye apendavyo. Wakati wa kuhariri utashangaa ni mara ngapi unaichagua ile.

HATUA YA 6: VIBALI, NA MAMBO YA KUKUPELEKA SELO

Anza na mwenyekiti wa LC1, baraza la kijiji au mtaa. Nenda mwenyewe, mapema, kwa heshima, na barua fupi inayosema nani, wapi, lini. LC1 akiwa upande wako, jirani mwenye redio atazima. Barabara za Kampala ni za KCCA, mamlaka ya jiji, na mkusanyiko wowote unaofanana na fujo lazima polisi wa eneo waujue kabla haujaanza.

Filamu ya kuonyeshwa hadharani hupitia Media Council, baraza linaloziainisha kwa umri wa watazamaji. Waulize masharti na ada mapema, usingoje mabango yawe yameshachapwa. Droni inahitaji kibali cha mamlaka ya usafiri wa anga na idhini ya vyombo vya usalama. Kuirusha "dakika mbili tu" karibu na Entebbe au jengo la serikali ni njia fupi ya kuipoteza, na wewe nayo.

Onyo zito ni sare. Wapenda filamu za mapigano, nisikilizeni: usivae, usishone, usikodi sare ya jeshi au kitu kinachofanana nayo bila idhini ya maandishi. Hata bereti nyekundu iliorodheshwa mwaka 2019 kuwa vazi la jeshi. Unda jeshi lako la kubuni lenye rangi ambayo hakuna jeshi linaivaa. Bunduki za mbao zisitoke nje ya ua wa kupigia, zibebwe ndani ya gunia, na polisi wawe na taarifa.

HATUA YA 7: SIKU YA KUPIGA

Umejifunza kazi nne. Leo fanya moja. Mshika mbili, moja humponyoka: ukiwa nyuma ya kamera unatazama fokasi, na hakuna anayemtazama mwigizaji. Nimekutajia Nabwana aliyeshika kamera mwenyewe, najua, lakini yeye alikuwa amezoea, na filamu zake zinakwenda kwa kasi ya risasi. Kwa sini ya watu wawili mezani, mpe mtu kamera, mpe mwingine sauti, na ujuzi wako uutumie kuwaelewa, siyo kuwanyang'anya.

1. Jana yake tuma ratiba kwa kila mtu: mahali, sini, nguo, nani wa kupigiwa simu. Andika muda kwa namna zote mbili, "saa 1 asubuhi, 7:00". Kampala nusu ya watu husoma saa ya Kiingereza na nusu ya kwetu, na kosa hilo linakula asubuhi nzima.
2. Lisha watu. Chai na rolex (chapati iliyoviringishwa na mayai) asubuhi, chakula cha kueleweka mchana. Kikosi chenye njaa hakisikii neno "tena".
3. Piga sini zote za chumba kimoja kabla ya kuhamia kingine, hata kama kwenye hadithi zimeachana. Mtu mmoja aandike nguo, nywele, na glasi ilijaa kiasi gani.
4. Kila sini: kwanza picha pana kutoka mwanzo hadi mwisho, halafu uso wa kila mtu, halafu vitu vidogo, kama mkono kwenye kitasa, simu inayolia, miguu. Acha sekunde 5 kabla ya kusema anza na sekunde 5 baada ya kukata.
5. Kadi ikijaa, inakiliwa kwenye diski mbili kabla haijafutwa. Diski hizo zisirudi nyumbani kwenye begi moja, juu ya boda moja.

HATUA YA 8: INGIA TELEVISHENI

Filamu fupi inakupa jina, televisheni inakupa kodi ya nyumba. Tangu MultiChoice ilipoleta chaneli ya Pearl Magic mwaka 2018, tamthilia za nyumbani zimekuwa kazi ya kudumu kwa watu wengi, mbali na vipindi vya NTV, NBS, Bukedde na UBC. Lakini usigonge mlango ukiomba kuongoza. Omba kuwa msaidizi wa mwongozaji, au msimamizi wa mwendelezo (anayehakikisha nguo na vitu vinalingana sini hadi sini), au mhariri. Mhariri wa tamthilia anaona kila kosa la kila mwongozaji, na siku mwongozaji akiugua, anayejua hadithi yote ni yeye. Hii ni sababu nyingine ya kuanza na uhariri, ikiwa bado hujakubali.

Kazi ya studio ni kitu kingine. Kamera tatu au nne zinakwenda pamoja na wewe unachagua moja kwa moja. Mahali pa bure pa kujifunza ni makanisa makubwa yanayorusha ibada kila Jumapili. Jitolee kwenye kamera, halafu omba kukaa kwenye swicha, mtambo wa kuchagua kamera inayoonekana. Kanuni ni chache: ita kamera inayofuata kabla hujaihitaji ("mbili jiandae, mbili"), usikate kwenda kwenye kamera inayosogea kutafuta fokasi, na ongea kwa sauti ileile hata mambo yakiharibika.

Kwenye tamthilia, mtihani ni kasi. Utapewa kurasa nyingi kwa siku na saa zilezile 12 za mwanga. Chagua sini moja ya siku ambayo utaitendea haki kwa muda wote inaotaka, na nyingine zipige kwa usafi na kwa haraka. Mtayarishaji anayemwona mwongozaji akimaliza kwa wakati humwita tena hata kama picha zake si za ajabu. Sipendi kusema hivyo, ila ndivyo.

HATUA YA 9: PESA NA HAKI

Mkataba wa ukurasa mmoja, kila mara, hata na binamu. Uandike kazi, tarehe, malipo, idadi ya marekebisho, na nani mwenye picha ghafi. Chukua nusu kabla ya kupiga. Waigizaji nao wasaini kwamba wamekubali sura zao zitumike, la sivyo siku filamu inanunuliwa mmoja atatokea na wakili.

Hakimiliki yako inalindwa na sheria ya mwaka 2006, na unaweza kuisajili URSB, ofisi ya usajili ya serikali, upate ushahidi wa karatasi. Muziki usiouomba usiuweke, uwe wa msanii wa Kampala au wa Marekani. Malipo ya zaidi ya shilingi milioni 1 kutoka kampuni au taasisi iliyoteuliwa na URA mara nyingi hukatwa asilimia 6 ya kodi ya zuio. Omba cheti cha makato, usigombane na mhasibu.

HATUA YA 10: IONEKANE

Uganda Film Festival, inayosimamiwa na tume ya mawasiliano UCC, ipo tangu 2013. Kwa kazi ya Kiswahili, ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar lililoanza 1998, ndilo baraza letu. Soma masharti kabla ya kupandisha filamu YouTube, kwani tamasha nyingine hukataa iliyokwisha onekana. Tafsiri ya chini ya skrini iandikwe na mtu anayejua lugha zote mbili, isiachiwe mashine. Na kabla ya tamasha lolote, ionyeshe kibandani usiku mmoja, ukae nyuma. Watu wakianza kutazama simu, andika dakika.

MATATIZO YA KAWAIDA

Sauti na midomo vinaachana kadiri video inavyoendelea. Simu ilipiga kwa fremu zinazobadilika. Pitisha faili kwenye programu ya HandBrake, chagua fremu 25 zisizobadilika, halafu hariri nakala hiyo.

Picha inapepesuka chini ya taa. Rudisha shata 1/50. Ikiendelea, taa ni mbovu. Izime, tumia dirisha.

Kompyuta inakwama. Mwambie Resolve atengeneze nakala nyepesi za kuhariria, fanya kazi nazo, ubadilishe wakati wa kutoa filamu. Usiongeze rangi na efekti kabla ukataji haujakamilika.

Umeme unakatika katikati ya kazi. Washa kuhifadhi kwa kila badiliko kwenye programu. Kompyuta ya mezani bila UPS usiiamini. Chaji betri zote usiku umeme unapokuwapo, usingoje asubuhi.

Mvua juu ya mabati. Huwezi kuifuta sauti hiyo. Piga picha zisizo na maneno mpaka ipite, au fanya sini yote iwe ya mvua. Machi hadi Mei na Septemba hadi Novemba, kuwa na sini ya akiba ya ndani ya gari.

Mwigizaji mkuu hakuja. Piga nyuso za wenzake wanaomsikiliza, huku mtu akisoma mistari yake nyuma ya kamera. Akija kesho, unampiga yeye peke yake.

Sini mbili hazishikani. Rudi eneo lile na simu, saa ileile ya siku, upige vitu vidogo: sufuria, mlango, mbuzi anayepita. Sekunde tatu za mbuzi zimeokoa tamthilia nyingi.

Mteja amechukua kazi na hapokei simu. Ndiyo maana nakala ya kwanza anayopewa ina jina lako katikati ya skrini, na iliyo safi inatoka baada ya pesa kuingia.